Kengele Hii Haijui Hodi

Kwetu Tanga mgeni akifika hupiga hodi. Akiipiga mara ya tatu asijibiwe, hugeuka akaenda zake. Kesho mkikutana sokoni hakuna anayemuuliza mwenziwe kitu. Yeye anajua ulikuwa ndani, nawe unajua kwamba anajua, na mazungumzo yanaanzia kwenye bei ya dagaa. Hayo ni malezi ya watu waliosongamana karne na karne mpaka wakatambua kwamba binadamu ana saa zake za kutotaka kuonekana.

Hapa Pune, magharibi ya India, nyumba hazina hodi. Zina kengele. Ya kwetu tuliirithi kwa mpangaji aliyetutangulia, nayo inalia sauti za ndege, kundi zima, kana kwamba wote wamekanyagwa mkia kwa wakati mmoja. Mpigaji haondoi kidole mpaka auone uso wako. Ukichelewa kwa sababu ulikuwa msalani, atakuuliza ulikuwa wapi, na jibu atalisubiri.

Nieleze nilivyoipata kazi hii ya ubawabu. Mke wangu anasomea shahada ya uzamivu katika chuo kimoja cha hapa. Mimi nafanya kazi za ofisi ya Dar es Salaam kwa kompyuta, nikiwa nyumbani Kothrud, mtaa wa watu wastaarabu wanaoamka mapema. India yote, kuanzia Gujarat mpaka Assam, inafuata saa moja tu, nayo imeitangulia ya Afrika Mashariki kwa saa mbili na nusu. Hiyo nusu usiniulize; imenikosesha vikao vya kutosha. Wenzangu wa Dar wakifungua ofisi saa 2 asubuhi, hapa ni saa 4 na nusu. Kwa hiyo asubuhi yote, mbele ya jengo zima, mimi ni mwanamume mwenye ndevu aliyekaa nyumbani kwa kikoi huku mkewe ametoka kwenda kutafuta. Na mtu wa namna hiyo akipigiwa kengele ana udhuru gani?

Wa kwanza ni wa maziwa, saa 12 asubuhi. Maziwa ya hapa huja katika mifuko ya plastiki ya nusu lita, na sisi, kama majirani wote, tumetundika mfuko wa kitambaa kwenye kitasa ili ayatumbukize aende zake bila kusumbua mtu. Anayatumbukiza. Kisha anapiga kengele kunijulisha kwamba ameyatumbukiza. Nchi hii zamani ilikuwa na uhaba wa maziwa, mpaka mwaka 1970 ulipoanza mpango mkubwa wa kitaifa chini ya Verghese Kurien, yule mhandisi aliyeukuza ushirika wa wafugaji kule Anand, Gujarat. Leo hakuna nchi duniani inayoipita India kwa kuzalisha maziwa. Nampa marehemu heshima zake zote, ila mapinduzi yale yangeweza kuanza saa 2.

Na yakishafika usidhani utarudi kulala. Maziwa lazima yachemshwe papo hapo, yapoe, utando wa juu uenguliwe na kuwekwa kando siku baada ya siku mpaka utoshe kutengeneza samli. Nilimwambia jirani yetu wa mlango wa pili kwamba utando wangu mimi naula na sukari. Alininyamazia kwa muda nisioupenda.

Huyo jirani tunamwita Kaku, jina ambalo Wamarathi humwita mke wa baba mdogo, na kila mtu humu ndani ni mtoto wa shemeji yake apende asipende. Nitarudi kwake. Kwanza nimalize foleni.

Baada ya maziwa huja gazeti, na baada ya gazeti huja mama wa taka. Pune ina ushirika wa waokota taka wenyewe, wengi wao wanawake, wanaopita mlango kwa mlango kuchukua taka ambazo kila nyumba imeshazitenga mbichi mbali na kavu mbali. Jambo zuri sana, na ningependa miji yetu iige. Lakini mama huyu hachukui taka tu, anazikagua. Amewahi kuutoa mfuko wa majani ya chai kutoka kwenye ndoo kavu, akaushika juu kwa kile kiuzi chake, akanitazama. Hakusema neno. Mlango wa Kaku ulikuwa wazi.

Anafuata Tai, dada anayetufagilia na kupiga deki. Ana nyumba nyingine nyingi kwenye jengo hili, kwa hiyo nikila mayai asubuhi, mpaka adhuhuri ghorofa ya chini wanajua ni mangapi. Akitoka Tai anaingia kijana wa dobi, ambaye mzee wake anapiga pasi ya mkaa chini ya mti hapo getini na kulipwa kwa kuhesabu nguo. Kanzu yangu wamejadiliana kwa muda mrefu kama ni nguo moja au mbili. Wamekubaliana ni shuka.

Mtungi wa gesi nao una shari yake. Ni mwekundu, gesi yake pekee ni kilo 14.2, na kijana anauleta begani mpaka mlangoni huku jasho likimtoka, kwa hiyo huwezi kumkasirikia. Ila haachi mtungi mpaka umtajie namba ya siri iliyotumwa kwenye simu ya mteja. Mteja aliyeandikishwa ni mke wangu. Mke wangu yuko maabara, na simu yake iko kwenye kabati. Basi tunakaa pale mlangoni, mimi, kijana na mtungi, tukiangaliana, mpaka Kaku anatoka na maji ya kunywa, ya kijana.

Utasema, si kuna mlinzi getini? Yupo, tena amepewa programu ya kwenye simu. Mgeni akifika chini, simu yangu inalia kuniuliza kama namkubali. Nikibonyeza kwamba namkubali, anapanda lifti na kupiga kengele. Nikibonyeza kwamba simkubali, mlinzi anadhani nimekosea kubonyeza, anamruhusu, anapanda lifti na kupiga kengele. Teknolojia hii tunailipia kila mwezi.

Sasa Kaku. Ni mjane, mwalimu mstaafu, na hali nyama wala samaki wala yai. Kabla hatujapewa nyumba hii, mwenye nyumba alituuliza kwanza tunakula nini, ndipo akauliza kama tuna pesa. Tulipatana: mayai ruksa, kuku aliwe kimya kimya, samaki tutafute hoteli. Huwezi kumwambia mtu wa Tanga asile samaki. Ijumaa moja niliagiza jodari kwa simu, waletwe wamesafishwa na kufungwa vizuri, pasipatikane harufu. Mletaji akapiga kengele ya Kaku. Kaku mwenyewe ndiye aliyeniletea kifurushi, amekishika kwa ncha za vidole viwili, mkono ameunyoosha mbele yake, uso ameugeuzia lifti. Nilitegemea tutafukuzwa. Alichosema ni kwamba bei niliyolipa ni ya kuibiwa, ameiona kwenye risiti, na kwamba wiki ijayo nimuulize Tai, maana shemeji yake Tai anauza samaki.

Maswali yake huyauliza akiwa amesimama kizingitini, mguu mmoja ndani. Kodi mnalipa kiasi gani? Mshahara wa Dar unakuja kwa dola? Mbona mkeo amekonda? Mtoto mnangoja nini? La mtoto aliliuliza siku ya pili tulipohamia, tukiwa bado tunabeba godoro. Nilidhani ni ukosefu wa adabu mpaka nilipopiga simu nyumbani kulalamika, mama akasikiliza yote kwa makini, kisha akaniuliza, "Kwani mlimjibu nini?"

Lakini saa 7 mchana, ghafla, kimya. Pune inalala. Simaanishi kwamba watu wanajinyoosha kidogo; ninamaanisha maduka yanashusha milango, kuanzia duka la balbu mpaka la vitamu, na hayafunguliwi mpaka saa 10 alasiri. Miji mingine ya India huwacheka kwa hilo, nao hawajali. Uje na njaa, uje na homa, uje na pesa taslimu mkononi, utakuta kufuli. Vijana wa kampuni za kompyuta kule Hinjawadi hawaujui usingizi huu, wao hata usiku hawalali, lakini mitaa ya kale kama Sadashiv Peth inaushika mpaka leo, na Kothrud yetu imejaa watoto na wajukuu wa mitaa hiyo.

Wenyeji hawaishii kulala, wanaandika ubao. Mbao za milangoni za Pune ni mashuhuri India nzima kwa ukali wake. Ubao mmoja utakuarifu kwamba kengele ikipigwa mara moja yatosha, waliomo ndani si viziwi. Mwingine utakueleza kwamba hapa si ofisi ya kuelekeza njia. Mwingine unamtakia heri aliyeegesha pikipiki mbele ya geti, na unamshauri aje na pampu. Zote kwa maandishi mazuri, lugha sanifu, bila tusi hata moja. Nimewahi kusimama mbele ya nyumba za watu nisiowajua, nikiomba wapita njia wanitafsirie.

Na hizo saa tatu za amani, ambazo kengele yangu haiguswi na kiumbe, Dar ni saa 4 na nusu asubuhi mpaka saa 7 na nusu mchana. Ndizo saa bosi wangu anazoitisha vikao.

Ningeyavumilia hayo yote kama si sikukuu. Kuna ya rangi, ambapo watoto hupiga kengele wakiwa wameficha mikono nyuma, na mjinga ni anayefungua. Kuna ya Ganesh, mungu wa Wahindu. Mwanasiasa Lokmanya Tilak ndiye aliyeivumisha sherehe hiyo na kuitoa majumbani iwe ya hadhara, mwaka 1893, hapa hapa Pune, kwa nia ya kuwakusanya watu wakati wa utawala wa Waingereza. Alifaulu. Wamekusanyika, wamekuja mlangoni kwangu, wana kitabu cha risiti. Wa kwanza ni vijana wa sosaiti yetu, yaani umoja wa wakazi wa jengo, kisha wa barabara yetu, kisha wa barabara ambayo sijawahi kuipita. Nachangia kwa ujirani, napewa risiti, na risiti hiyo ninamwonesha anayefuata, ambaye anaisoma, anatabasamu, na kuandika kiasi kilekile kwenye kitabu chake. Siku ya kuipeleka sanamu ya Ganesh majini, maandamano ya ngoma huanza asubuhi na kuvuka saa 24 bila kukatika. Dirisha letu halifungi vizuri.

Halafu Diwali. Fataki za kwanza hulia kabla ya alfajiri, watu wanapoamka kujipaka mafuta na kuoga. Kutwa nzima kengele ni ya masinia. Kila jirani analeta vitafunio vilivyopikwa nyumbani kwake: chakli zilizosokotwa, karanji zenye nazi ndani, laddu, chivda, na kila mmoja anasimama mpaka uonje ili aseme za nani ni ngumu. Bakuli linabaki kwako. Na bakuli la jirani halirudi tupu.

Hapo sikuwa na la kulalamika, maana sheria hiyo ninaijua. Kwetu bakuli la futari likija na tambi linarudi na kunde, au na mihogo, au hata na sukari, lakini tupu, mama angenirudisha nalo. Basi nikafunga mlango, nikakuna nazi, nikapika kashata kwa iliki, nikazikata vizuri. Nikampelekea Kaku, kifua mbele. Akaonja. "Ah, vadi ya nazi," alisema. "Sisi pia tunapika. Yako imezidi sukari."

Sikukata tamaa. Nikakaanga visheti, vikakolea shira. Kaku akavipindua, akasema ni shankarpali, ila zao hazilowi. Nikashusha bajia. Nikashusha katlesi za viazi. Kwenye sambusa nilimwona anajizuia kucheka. Utoto wangu wote, Ngamiani mpaka Raskazone, mama huyu aliupokea kipande kwa kipande mlangoni pake, na kila kipande alikuwa na binamu yake jikoni. Hata chai. Mwezi Mei aliniletea embe za Ratnagiri, zile za kununuliwa kwa dazeni ndani ya boksi lenye majani makavu, nikapanga kumwambia kwamba hajala embe dodo. Nikaonja. Nimelihifadhi neno hilo mpaka sasa.

Kilichoniokoa ni ubuyu. Rafiki yetu alikuja kumuuguza baba yake Mumbai, akapita kutusalimia na mfuko mkubwa wa ubuyu wa Zanzibar, ule mwekundu, wenye pilipili kidogo. Bakuli la Kaku lilikuwa juu ya meza likinitazama tangu wiki iliyopita. Nikalijaza.

Aliweka moja mdomoni. Akaingoja. Uso ulipita sehemu nyingi. Akaweka ya pili, akauliza hii ni nini, nikamwambia ni tunda la mti mnene kuliko lifti yetu, akaniambia nisimtanie, akaweka ya tatu. Alipotabasamu, meno yote yalikuwa mekundu. Akasema sisi hatuna hii.

Nikiri nilirudi ndani nikitembea kwa maringo. Maringo yalidumu mpaka magharibi. Kaku aliwapa wajukuu. Wajukuu wakateremka kucheza na ndimi nyekundu. Mama zao wakadhani wametafuna tambuu. Ulifanyika uchunguzi, ukaishia kengeleni kwangu. Ghorofa ya tatu walileta bakuli lenye chivda. Ghorofa ya pili walileta bakuli lenye dengu. Katibu wa sosaiti, ambaye tangu tuhamie alikuwa akinipigia kengele kwa habari ya maji na michango tu, alileta bakuli tupu, akaeleza kwamba kwa mara hii tuanzie upande wangu. Kijana wa dobi alikubali kanzu ni nguo moja. Mama wa taka alipoona kokwa za ubuyu kwenye ndoo mbichi, aliziangalia sana, akauliza kwa ishara kama zimebaki nyingine ambazo hazijamumunywa.

Ubuyu ukaisha. Kengele haikuisha. Mke wangu akasema, uko Pune, fanya wanavyofanya watu wa Pune, weka ubao.

Nikaenda kwa fundi wa maandishi. Nilienda saa 8 mchana. Nadhani unajua nilichokikuta. Nikarudi jioni, tukakubaliana bei, nikamtajia maneno kwa Kihindi changu cha kuunga, naye akayageuza kuwa Kimarathi: kengele isipigwe kuanzia saa 7 mchana hadi saa 10 alasiri, na kwamba ubuyu umekwisha. Herufi nyeupe, ubao mweusi, nukta zote mahali pake. Niliutundika Jumapili asubuhi, nikapiga picha, nikawatumia Tanga.

Kimarathi kina irabu fupi na irabu ndefu, na watu wa mji huu hujivunia usafi wa lugha yao kuliko wanavyojivunia ngome ya Shaniwar Wada. Fundi alikuwa ameandika i fupi mahali pa i ndefu. Kengele ya kwanza ilikuwa ya Kaku, kunieleza kwamba kosa hili si la kuvumiliwa, hasa mlangoni pa jirani wa mwalimu. Ya pili ilikuwa ya mume wa ghorofa ya tatu. Ya tatu ilikuwa ya watu wawili waliotofautiana: mmoja anasema kosa ni moja, mwingine anasema ni mawili. Kijana wa maziwa, ambaye sikujua kama anasoma mbao za watu, alinipigia kuniambia kwamba yeye ameelewa, ila wengine wanaweza wasielewe.

Jana saa 8 mchana, mji mzima umelala, bosi yuko hewani akisoma bajeti ya robo mwaka, ndege wakalia. Nilifungua. Alikuwa mzee wa ghorofa ya kwanza, amevaa miwani, pumzi zimemwishia kwa ngazi maana lifti imeharibika. Akanionesha ubao kwa kidole, akatikisa kichwa kwa masikitiko, akaniambia nisijali, amekuja na brashi na rangi yake. Na bakuli.